Viti Nje ya Mlango

Irine alifika kwa dani Susana asubuhi, akasimama pale kizingiti kinapoanzia, akapiga hodi kwa sauti ya mtu asiyejua kama hata hiyo hodi anaruhusiwa. Ndani mafuta yalikuwa yanalia kwenye karai. Harufu ya omena, wale dagaa wa ziwani, na nyanya ilitoka mlangoni ikaenda zake barabarani bila kuuliza mtu ruhusa. Aliyehitaji ruhusa ni Irine.

Bibi alitoka akijipangusa mikono kwa leso. Wote mtaani humwita dani, yaani bibi kwa Kijaluo, hata wale ambao si Wajaluo. Ni mfupi, mnene, ana ulimi wa haraka, na amepika samaki kwenye nyumba ile tangu Migori ilipokuwa barabara moja tu ya vumbi. Alimwangalia Irine miguu ilivyosimama, akaona haijavuka, akaridhika. Akamsalimia vizuri. Akamuuliza binti yake Marion anaendeleaje shuleni. Lakini kiti hakuleta na mkono hakutoa.

Irine alisema amekuja kwa ajili ya Jumamosi. Hoteli moja ya Homa Bay, huko ziwani, ilikuwa inaleta wageni wake Jumamosi kutembea kwa miguu mtaani Kwa Stoo, kula sahani moja nyumba hii na sahani nyingine nyumba ile, huku wakisimuliwa kila chakula kilifikaje hapa na nani alikileta. Matembezi hayo aliyaanzisha mumewe, Javan. Mtaa wenyewe ulizaliwa na stoo ya pamba. Watu walikuja kubeba magunia: Wamaragoli kutoka kaskazini, Wakuria kutoka mpakani, askari wa zamani waliokuja na dini yao na mahamri yao. Pamba ikafa, stoo ikabaki kuta, watu wakabaki na sufuria zao. Javan ndiye aliyeona kwamba hizo sufuria ni mali. Halafu mwezi wa tatu figo zikamuua.

Tangu hapo wageni walikuwa hawajaja. Sasa walikuwa wanakuja, na Irine ndiye angewaongoza.

"Waje," dani Susana alisema. "Mimi nitapika, kwani nimewahi kukataa? Lakini wewe, nyar Karachuonyo, nyumbani kwangu hutaingia. Wewe bado ni chi liel."

Alimwita kwa kwao, binti wa Karachuonyo, na alisema bila ubaya, na hapo ndipo ubaya wenyewe ulipokuwa. Chi liel ni mke wa kaburi. Mwanamke aliyefiwa haingii nyumba ya watu mpaka aachiliwe kwa njia ambayo familia inaijua, na akiingia kabla, mkosi anauacha kwenye nyumba hiyo: mtoto anakonda, biashara inalala, mtu mzima anaanza kukohoa kikohozi kisichojua dawa. Irine alikumbusha kwamba mchungaji alikuja nyumbani, akaomba, akasema mbele ya watu kwamba amewekwa huru. Dani alikubali kwamba mchungaji ni mtu mzuri sana. Ila mchungaji hapiki omena, na jikoni kwake si kanisani.

Irine alimshukuru. Ndiyo, alimshukuru, maana alikuwa amelelewa hivyo, kisha akageuka akaenda zake na hasira yake.

* * *

Alijipa moyo kwamba waliobaki si Wajaluo. Chi liel si neno lao, kwa nini liwahusu?

Robi, Mkuria anayepika ugali wa wimbi na kumimina maziwa ya mgando kutoka kwenye kibuyu, alimpokea uani. Walizungumza vizuri mpaka Irine alipopiga hatua kuelekea jikoni. Robi akasimama mbele yake, mpole, amejaa aibu. Kwao Kehancha, alisema, mjane ana miiko yake mingine, hii si yao. Lakini Irine ni mke wa Wajaluo. Kama wenyewe wanasema ana kitu, yeye Robi ni nani aseme hana? Na mtoto wake mdogo alikuwa na kifua.

Mama Zuhura wa mahamri alimwonea huruma hadi macho yakalengalenga. Alisema kwa Waislamu Irine angekuwa ametoka eda juzi tu, na kama ingekuwa ni yeye peke yake angemkaribisha hadi chumbani. Hata hivyo alibaki amesimama mlangoni, mkono mmoja huku na mkono mwingine huku.

Kwa Metrine ndiko kulikouma zaidi. Metrine ni Mmaragoli, rika lake, rafiki yake wa kusukana nywele. Alimletea maji ya kunywa nje, kwenye kikombe cha plastiki. Irine akanywa, akamrudishia.

"Kaa nacho tu," Metrine alisema, akiangalia kuku wake. "Nenda nacho. Niko na vingine."

Irine alitembea mtaa mzima na kikombe kile mkononi. Hakujua akitupe au akifiche. Watu wa Kwa Stoo walikuwa wamefika hapa kila mmoja na sheria yake ya wajane, na kwa miaka mingi ya kukopeshana chumvi walikuwa wamejifunza kuheshimu sheria za wenzao, na sasa heshima yote hiyo ilikuwa imemwangukia yeye.

Nyumbani hali ilikuwa hiyo hiyo. Waliokuja kumpa pole walisimamia mlangoni. Chai walikuwa wameishiba kwingine, wote, ajabu ya Mungu, mtaa mzima ulikuwa umeshiba chai. Vikombe vya harusi yake vilikuwa vimening'inia kwenye misumari tangu mazishi, na Marion alikuwa akivipangusa vumbi kila wiki bila kuambiwa.

* * *

Levi alikuja jioni. Ni mdogo wake Javan, fundi wa pikipiki, na tusimwonee: jeneza la kaka yake alilibeba, na unga alikuwa ameleta nyumbani pale zaidi ya mara moja bila kutangaza. Alikaa kwenye gurudumu la zamani uani, akazungukazunguka kwa maneno. Alisema Cliff amempigia simu. Cliff ndiye dereva wa hoteli anayewaleta wageni, na alitaka kujua nani ataongoza, maana amesikia maneno.

"Maneno gani?" Irine aliuliza.

Levi alikuna shingo. Alisema maneno yenyewe anayajua. Kisha akasema yale aliyokuja kuyasema: familia ilikuwa imekaa, na aliye karibu ni yeye. Si lazima ndoa, si lazima ahamie. Afanye tu kile ambacho mila inataka mwanamume wa ukoo afanye na mjane, na mambo yaishe.

"Usiku mmoja tu, shemeji. Kesho yake milango yote inafunguka."

Irine alikuwa anachambua mboga. Aliendelea kuchambua.

"Una mke," alisema.

"Liz anajua mila."

"Umemuuliza?"

Kuku wawili walipita kati yao.

"Levi, mimi sitalala na mtu ili niruhusiwe kuingia jikoni za watu. Mwambie aliyekutuma. Na kama ulijituma, jiambie."

Aliinuka. Hakukasirika sana, au alikasirika akajikaza. Alisema basi Jumamosi amwachie yeye aongoze, wageni wasipotee, pesa watagawana. Yeye mlangoni anaingia bila shida. Irine alijua maana yake. Jumamosi moja ingezaa nyingine, na kazi ingeondoka taratibu, kama shamba linavyoondoka kwa mjane, kila msimu mpaka unasogea hatua.

Alipoondoka, Marion alitoka ndani. Alikuwa amesikia kila kitu. Kuta za mabati hazifichi neno. Alimuuliza mama yake kama wanahamia kwa baba Levi. Irine alisema hapana. Akauliza basi karo itatoka wapi. Irine alisema Jumamosi, akajaribu kuisema kama mtu anayejua.

Kisha akampigia Cliff. Cliff alikuwa mtu wa haraka na hakupenda hadithi ndefu kwenye simu. Alimwambia anamheshimu, marehemu alikuwa rafiki yake, ila meneja ameshaanza kuuliza kwa nini wageni wasipelekwe Awendo kuona miwa, karibu zaidi, hakuna shida ya nani haingii wapi. Jumamosi hii ikiharibika, matembezi ya Migori yamekwisha.

"Mimi ndiye nitaongoza," Irine alisema.

"Utaongozaje kama huingii?"

Irine akasema, "Njoo nao tu."

* * *

Wageni walishuka kwenye gari karibu na ukuta wa stoo: kundi la walimu wastaafu kutoka Nakuru, kofia pana, viatu vya kutembea, wamefunga tumbo tangu asubuhi kwa sababu Cliff aliwaonya. Kiongozi wao alikuwa mama mmoja aitwaye Celestine, aliyewahi kuwa mwalimu mkuu na bado alihesabu watu wake kwa kidole kila waliposimama. Levi naye alikuwa pale kando, amevaa shati safi, mikono nyuma. Alikuwa anasubiri tu.

Irine alianza kwenye ukuta wa stoo, na alianza vizuri. Sauti ilitoka. Aliwaonyesha pale magunia yalipoegemezwa, aliwaambia nani alitoka wapi na nani alilala wapi. Wakacheka pale pale Javan alipokuwa akiwachekesha wageni wake. Halafu wakafika kwa dani Susana, na Irine akasimama kando ya mlango, akanyoosha mkono, akawaambia waingie, bibi anawasubiri.

Mpango wake ulikuwa huu, na ulionekana mzuri alipokuwa kitandani: wageni wale ndani, yeye awasimulie kutoka dirishani. Akazunguka nyumba, akaweka uso kwenye wavu wa dirisha, akaanza kupaza sauti kama mwuza karanga anayefukuzia basi. Ndani mafuta yalikuwa yananguruma. Mgeni mmoja akadhani anauliza kama wamepata chumvi, akamjibu kwamba chumvi iko, asante. Mwingine akauliza ile sauti ni ya nani. Levi aliinamisha kichwa, na Irine akaona kwamba anazuia kicheko, akatamani ardhi imfunike.

Celestine alitoka nje na sahani yake.

"Mama, mbona umekaa dirishani? Kuna nini huko ndani?"

Uongo ulikuwepo tayari. Angeweza kusema moshi unamsumbua. Angeweza kusema nafasi ni ndogo. Lakini alikuwa amechoka, na uongo nao ni kazi.

"Mume wangu alifariki mwezi wa tatu," alisema. "Kwetu mjane haingii nyumba ya mtu kabla hajaachiliwa. Dani Susana anafuata sheria. Mimi namheshimu, ndiyo maana nimekaa hapa."

Celestine alimtazama. Alitazama mlango, akatazama sahani. Hakutoa hotuba, ingawa sura yake ilikuwa ya mtu mwenye hotuba nyingi. Alijishusha polepole, magoti yakilalamika, akakaa chini kwenye kizingiti, akajipakatia sahani.

"Basi endelea," alisema. "Nakusikia vizuri kutoka hapa."

Wa pili akatoka. Halafu wengine. Wote wakatoka na sahani zao, wakakaa kwenye mawe, kwenye ndoo zilizopinduliwa, wengine wakasimama wakila na kupuliza vidole. Ndani akabaki dani Susana peke yake na karai lake.

Ikumbukwe jambo moja. Huku kwetu watu wengi wakila nje ya nyumba, sahani mkononi, bila meza, hao ni watu wa matanga. Mwendesha boda boda mmoja alipita, akapunguza mwendo, akavua kofia, akauliza kwa sauti ya huzuni ni nani amekufa. Akasema poleni sana, akaondoka.

Dani aliyasikia hayo yote. Alitoka mlangoni na mwiko wake, uso umemwiva, akawakuta wageni wake wa Nakuru wamemwagika uani kama waombolezaji. Katika maisha yake yote ya kupika hakuwahi kudhalilishwa hivyo. Wageni kutoka nje na chakula ni kama kusema nyumba inanuka. Watu mtaani walikuwa wameanza kusimama. Metrine alikuwa kwenye kona yake. Robi alikuwa amebeba mtoto kiunoni, anaangalia.

Irine aliona uso ule, akajua kwamba Jumamosi yake imeharibika. Kwa kuwa imeharibika, hakuona sababu ya kunyamaza. Aliendelea na hadithi ya nyumba ile, kama Javan alivyokuwa akiisimulia.

Alisema dani Susana alikuja kutoka Mbita akiwa msichana mdogo, na karai moja na gunia la omena. Hakuwa na nyumba. Kwa hiyo aliweka mawe matatu nje, kwenye ukuta wa stoo, akakaanga pale pale. Wabebaji wa pamba walikula wamesimama, na hivyo ndivyo omena wa nyanya alivyoanza Kwa Stoo.

"Si hivyo," dani alisema.

Wote wakamgeukia. Irine akafikiri sasa ndiyo anafukuzwa.

"Javan alikuwa anasema hivyo kila siku na mimi namwacha. Si hivyo. Nyumba ilikuwepo. Kaka yangu alikuwa na nyumba ya vyumba viwili, hapo." Alielekeza mwiko mahali ambapo sasa kuna duka la simu. "Nilikuja nimefiwa. Mume alizama ziwani hata mwaka hatujamaliza. Kaka akaniambia, dada, karibu Migori, lakini mlango wangu usiuvuke. Nilipikia nje kwa sababu nilikuwa chi liel."

Mafuta ndani yalikuwa yanaungua na hakuna aliyejali.

"Na chakula changu watu wetu hawakula. Walikuwa wanapita kule, upande wa pili. Aliyekula wa kwanza alikuwa mbebaji wa Maragoli. Hakujua mimi ni nani. Alikuwa na njaa tu. Akakaa chini hapo, akala, akaita wenzake." Alitafuta kwa macho mpaka akampata Metrine. "Babu yako huyo. Wewe Metrine. Yeye ndiye alikula mkononi mwangu."

Metrine alijishika mdomo.

Irine alikuwa amesimulia nyumba ile mara nyingi akimsaidia Javan, na ukweli ulikuwa umekaa ndani unakaanga samaki muda wote huo, kimya. Dani naye alionekana kama ameshtushwa na kinywa chake mwenyewe. Aliangalia mwiko. Aliangalia wale watu wazima wa Nakuru waliokaa kwenye ndoo zake.

Levi aliona pengo, akaingia. Alisogea mbele kwa adabu, akasema wageni wasisumbuke, yeye anaweza kuwarudisha ndani na kuwaongoza kuanzia hapa.

"Levi," dani alisema. "Ingia ndani."

Levi akaingia, kifua mbele.

"Toa benchi."

Benchi likatoka, halafu Levi nyuma yake.

"Na lile refu. Na meza. Na usikwaruze ukuta wangu." Dani akamgeukia Irine. Sauti yake ilikuwa bado kali, maana hakuwa na nyingine. "Sheria inasema usiingie kwangu, na hutaingia. Lakini haikusema karai langu lisitoke. Marion yuko wapi? Mwambie alete mawe matatu. Nimeshapikia nje mimi, sitakufa."

* * *

Habari Kwa Stoo haitembei, inakimbia. Wageni walipofika kwa Robi, viti vilikuwa vimeshapangwa uani chini ya kamba ya nguo, na nguo zenyewe zimeondolewa haraka, moja bado inadondosha maji kwenye ua. Robi aliwamiminia maziwa ya mgando, akamega ugali wa wimbi, na alipoona Irine amesimama mbali, akampa mtoto wake ambebe ili yeye apate mikono miwili ya kugawa. Yule mtoto mwenye kifua. Irine alimpokea, akamweka begani, akaendelea kusimulia jinsi wimbi lilivyovuka mto, na mtoto akalala.

Mama Zuhura alikuwa ametandika mkeka barazani, chai ya tangawizi kwenye birika kubwa, mahamri yamefunikwa kitambaa cheupe. Alijifanya kwamba siku zote ndivyo afanyavyo. Hata alimkaripia Celestine kwa kuuliza.

Kwa Metrine meza ilikuwa nje, kuku ameiva, mboga ya mrenda imeteleza sawasawa, ugali unatoa mvuke. Lakini Metrine hakugawia wageni. Alichukua sahani ya udongo, ile nzuri yenye maua ambayo hutoka Krismasi, akaweka ugali, akaweka mboga, akaweka paja la kuku, akamletea Irine kwanza, kwa mikono miwili, amepiga magoti kidogo.

"Nirudishie kile kikombe," alisema chini chini. "Ni cha seti."

Hakikuwa cha seti. Kilikuwa cha plastiki, cha kununuliwa sokoni kimoja kimoja. Irine alicheka, kisha akalia, kisha akala. Walimu wa Nakuru waliangalia pembeni kwa adabu, isipokuwa Celestine, ambaye alilia naye waziwazi na kuomba mrenda zaidi.

Kufikia hapo nyuma yao palikuwa na msafara. Watu wa mtaa walikuwa wanafuata, wengine na viti vyao. Wenyeji ambao hawakuwahi kusikia hadithi ya nyumba ya jirani walisikia siku hiyo, kwa sababu siku zote ilikuwa inasimuliwa ndani, kwa wageni, kwa malipo. Levi alibeba benchi kutoka nyumba hadi nyumba. Mwanzoni alibeba amenuna. Baadaye mtu alimuuliza kama yeye ndiye fundi wa viti, akajibu kwamba yeye ni shemeji wa mwenye matembezi. Irine alisikia, na alikumbuka kumlipa.

Cliff, aliyekuwa ameegemea gari lake akisubiri mabaya, alipewa sahani mara nne. Alipofunga mlango wa gari alisema hajui atamwambia nini meneja.

"Mwambie ukweli," Irine alisema.

"Nitamwambia alete viti zaidi," alisema Cliff. Alisema pia Jumamosi ijayo kuna kundi lingine, na kama mvua haitanyesha aliombea iwe hivi hivi, nje. Awendo hakuitaja tena.

* * *

Jumapili, baada ya kanisa, Irine alikuwa amekaa nyumbani na miguu yake kwenye beseni la maji moto. Marion alikuwa anasoma. Liz, mke wa Levi, alikuwa amepita mapema kidogo. Hakuwa mtu wa maneno mengi. Alisimama mlangoni, akamkumbatia Irine muda mrefu kuliko salamu inavyohitaji, akaacha pakiti ya sukari kizingitini, akaenda zake. Yale ya Levi hayakutajwa, wala hayakuhitaji kutajwa.

Mambo hayakuwa yameisha. Wazee wa ukoo walikuwa bado na kikao chao, na milango ya Kwa Stoo ilikuwa bado mbele yake, imefunguliwa lakini haivukiki. Irine alilijua hilo. Alikuwa amekubali, kwa sasa, kuishi upande huu wa kizingiti, maana upande huu ulikuwa umepata viti.

Hodi ikapigwa. Ilikuwa hodi ya mtu mwenye haki zake. Kabla Irine hajatoa miguu kwenye beseni, dani Susana alikuwa ameshainama mlangoni, ameshaingia, ameshaangalia dari, ameshachagua kiti. Alikaa. Kiti kikalia.

Marion alisimama, akamwangalia mama yake. Hakuna mtu aliyekuwa ameketi kwenye kiti kile tangu mazishi.

"Dani," Irine alisema, "umeingia."

"Nimeingia. Sheria ilikukataza wewe kuingia kwangu. Mimi kuingia kwako nani amenikataza?" Alitengeneza leso kichwani. "Siku zile zangu, hakuna aliyefikiria hivyo. Hata mimi sikufikiria. Nilikaa msimu wa pamba mzima na tena mwingine bila mtu kunywa chai yangu." Kwa mara ya kwanza Irine alimwona bila ukali, mwanamke mzee tu, miguu haifiki sakafuni vizuri. "Ni kitu kibaya, nyar Karachuonyo. Chai inapoa ukiiangalia."

Marion hakungoja kuambiwa. Alienda kwenye misumari, akashusha vikombe viwili, akavipangusa ingawa vilikuwa safi, halafu akashusha na cha tatu. Maji yalichemka haraka kwa sababu moto ulikuwa bado uko. Irine alimimina. Chai ikamwagika kidogo kwenye sahani, na akaiacha.

Dani Susana alipuliza, akanywa, akakunja uso.

"Majani kidogo, maji mengi," alisema. "Hivi ndivyo unawapa watu chai?"

"Sijampa mtu chai siku nyingi, dani."

Bibi alimaliza kikombe chote bila kukiweka chini. Kisha akamnyooshea.

"Ongeza," alisema. "Na weka sukari."